Chumba Kilicholipiwa

Lusekelo aliingia benki na jogoo kwapani, zawadi kwa ofisa wa mikopo. Miaka kumi amelipa bila kuruka mwezi, na kwa hesabu yake bei ya nyumba ilikuwa imetimia. Nyumbani mkewe alishaalika majirani waje kula pilau.

"Shikamoo, baba," alisema Tunu, yule ofisa. "Huyo naye anataka mkopo?"

"Marahaba. Ni wako, mwanangu. Nimemaliza deni."

Tunu akacheka mpaka akavua miwani. "Nyingi ya pesa ulizolipa ni riba, baba. Bei yenyewe umeidonoa tu, kama huyo jogoo wako. Bado miaka kumi na mitano."

Akachomoa ramani ya nyumba kwenye faili, akapaka wino chumba kimoja kidogo.

"Mpaka leo, chako ni hiki."

Kilikuwa choo.

Jogoo naye alikataliwa. Benki haipokei zawadi.

Mchana majirani walijaa, pilau ikaiva, mwenye nyumba haonekani. Wakamtafuta sebuleni, wakamtafuta uani, mpaka mmoja akakuta mlango wa choo umekomewa kwa ndani.

"Hodi, mwenye nyumba!"

Jogoo akawika.