Mtama Kando ya Tenga

Tunu alipoolewa, mamake alimpa mtetea mmoja wa kwenda naye. Kuku wenyeji walimdonoa mgeni mpaka akajificha nyuma ya mtungi. Bi Shuwena, mamamkwe, akamfunika kwa tenga, kisha akamwaga mtama kulizunguka.

"Waache wale karibu naye," alisema. "Watazoeana."

Wenyeji wakasogea, wakala, midomo ikigusa fito za tenga.

Jikoni mawifi walikuwa wakicheka tangu asubuhi, wala hakuna aliyemwita Tunu. Bi Shuwena akaingia humo, akatoka na sinia zima la vitumbua vya moto, akaliweka mapajani mwa Tunu.

"Nimeshiba, mama."

"Nani kakwambia ni vyako?" akajibu, akaingia zake ndani.

Kicheko cha jikoni kikakatika. Pazia la mlango likasogea.