Nafasi ya Kushoto

Siku Badi alipozindua albamu yake ya kwanza ya peke yake, ukumbi ulifurika. Alikuwa amelihama kundi lake la muziki wa kufoka, akiapa kwamba amechoka kugawana maiki na watu.

Alianza vizuri. Mistari minane ilimtoka kama maji, watu wakapiga mayowe. Kisha mkono wake, kwa mazoea ya miaka tisa, ukapeleka maiki kushoto, mahali aliposimama siku zote mwenzake Shebe.

Leo kushoto alisimama shangazi yake, Bi Mwanakheri, aliyepanda jukwaani kumtunza noti.

"Ahsante, mwanangu," alisema, akaipokea. "Nishikie mkoba."

Akawageukia watu. "Huyu nimemlea mimi! Mpaka leo radi ikipiga anajificha uvunguni!"

Ukumbi ukavunjika mbavu.

"Shangazi, maiki," Badi alinong'ona.

"Ngoja, sijamaliza. Na mpaka leo anamenyewa machungwa!"

"Rudia!" watu wakapiga kelele.

Mdundo uliendelea. Badi, mkoba ukining'inia begani, akajikuta anatikisa kichwa. Shangazi aliporudia, mdomo wa Badi ukaitikia wenyewe, kwa sauti nzito ya enzi za kundi:

"Machungwa!"