Mlango Usio na Ukuta

Ulikuwa umesimama katikati ya jukwaa, mlango mtupu usio na ukuta, na mzee hakutaka kuuzunguka. Jumba la maonyesho lingevunjwa kesho yake. Yeye na bibie aliyeigiza naye ujanani walikuja kuliaga tu. Bibie alikuwa tayari upande wa pili, kama zamani.

Enzi hizo mchezo mzima ulikuwa huo: yeye anabisha, bibie hafungui. Wasomi waliuita tamthilia ya ubwege, ile ya kuonyesha maisha yasiyo na maana, wakaandika kwamba mlango ule ndio maisha yenyewe. Watazamaji walitoka wakisonya.

Rangi ilikuwa imelika palepale alipozoea kugonga. Akagonga, kwa utani tu.

"Hakuna mtu humu," ikajibu sauti, nzito kidogo kwa uzee, lakini ileile.

Sasa alitakiwa kusema, "Basi nitangoja," na taa zizimwe. Aliyasema maneno hayo mpaka bibie akaolewa na mwingine, akazaa, akafiwa na mumewe.



"Bibie," akasema, "mwenzio nimezeekea hapa nje."



Kisha komeo, ambalo mwandishi wa mchezo hakuruhusu hata siku moja liguswe, likaanza kulia kwa kutu.