Yai Lililobaki

Bi Masika alipofungua banda la kuku, alimkuta kenge ametulia juu ya kiota, anameza yai zima. Koo lilifura, kisha likashuka. Kenge akamtazama, ulimi ukicheza, akapenya kwenye ufa wa ukuta na kushika njia ya mtoni bila haraka.

Uani, Zaituni, mke wa mwanawe, alikuwa anafunga mzigo wake arudi kwao. Mjamzito hali mayai, ndivyo walivyolelewa wote. Na mayai yalipoanza kupotea Zaituni akiwa na mimba, Bi Masika ndiye aliyemtaja kuwa mwizi. Mtoto wake alipozaliwa amekufa, hakuna aliyeuliza sababu; wote walijua ni yale mayai.

Akapapasa kiotani. Lilibaki moja. Akalichemsha, akalimenya, kisha akapiga magoti mbele ya Zaituni, yai mikononi.

“Ni kenge, mwanangu. Nimemwona kwa macho yangu. Kula.”

Zaituni aliliangalia lile yai jeupe, lingali linafuka moshi.

“Mama,” alisema taratibu, “hata ladha yake siijui.”

Mikono ya Bi Masika ilibaki pale pale, imenyooshwa, na yai likaanza kupoa.