Usishukie Penye Watu

Watu kumi na wanne walikuwa bado hai, na fundi wa vitasa alikuwa amejilaza nyuma ya jiwe akiomba Mungu mguu wake usionekane. Mguu huo ulikuwa ndani ya simu. Ule wa kweli ulikuwa chini ya meza ya kazi, kwenye vumbi la shaba.

Mlangoni alikuwa ametundika kibao cha NIMETOKA KIDOGO, na mteja aliyekuwa akigonga alimwacha agonge hadi achoke. Saa nane mchana, mtu mzima mwenye mvi zake, anacheza mchezo wa kuuana. Tena ule ule uliomfanya amfukuze mwanawe.

Mnarushwa kisiwani watu mia, wawili wawili, duara la usalama linazidi kusinyaa, na mwisho timu moja tu inatoka hai. Mwanawe alikuwa akiueleza mezani, mama yake akipakua chakula, na fundi akijifanya hasikii. Ajabu ni kwamba kila neno lilikuwa limemkaa kichwani. Usishukie penye watu. Waache wamalizane. Tembea na ukingo wa duara ili nyuma yako kusiwe na mtu. Ukifyatua risasi umejitaja, kwa hiyo usifyatue kabla hujawa na hakika.

Alimnyang'anya simu mara sijui ngapi, na kila mara kijana alihamia kwenye ya mama yake, akaendelea humo kwa jina lake lile lile la mchezo. Siku ya siku wakatupiana maneno mazito, kijana akabeba begi akaondoka. Kesho yake fundi, kwa hasira za fundi, akabadilisha kitasa cha mlango wa nyumba. Kazi ya dakika kumi, mikono imeizoea. Siku ya nne akakuta mikwaruzo mipya kwenye tundu la ufunguo. Mtu alikuja, akajaribu ufunguo wa zamani, ukamkatalia, akaenda zake.

Siku hiyo hiyo alikirudisha kitasa cha zamani, lakini maji yakishamwagika hayazoleki. Namba ya kijana ikawa haipatikani. Ndugu hawajui alipo, marafiki hawajui. Mkewe naye aliacha kumsemesha. Fundi akirudi anakuta chakula kimefunikwa mezani na mlango wa chumbani umefungwa.

Kilichobaki ni jina. Mchezoni kijana alijiita Mwiba. Fundi akajiandikisha kama Chuma, akamtafuta Mwiba, akaona taa ya kijani inawaka pembeni ya jina, ishara kwamba mwenyewe yupo, anacheza. Akaomba wawe timu moja. Alipokubaliwa, alilia kama mtoto juu ya funguo za watu.

Mwezi mzima sasa walikuwa wakicheza kila mchana. Fundi hakuthubutu kufungua kipaza sauti, maana kijana angeitambua sauti yake na kukata. Bahati yake, Mwiba naye hakukifungua. Waliandikiana tu, maneno mawili matatu. Kijana alikuwa amebadilika. Zamani alikuwa hamgawii mtu hata soksi kuukuu, sasa akiokota bendeji anampa Chuma zote, mwenyewe akibaki anavuja damu. Dunia imemfunza, fundi alijisemea, na hapo ndipo moyo ulipomuuma zaidi. Lakini sheria zake zilikuwa zile zile za mezani: hashuki penye watu, hafyatui ovyo, hauachi ukingo. Nani mwingine angezijua zote?

Wiki iliyopita Mwiba aliandika: "Tukishinda hata mara moja, nitakwambia kitu. Na wewe uniambie ukweli wako."

Fundi alikubali. Tangu siku hiyo walikuwa wameshakufa mara thelathini na moja, na kila mchana aliwasha simu akiogopa kuikuta ile taa imezimika moja kwa moja.

Kumi na wanne wakawa tisa. Tisa wakawa sita, sita wakawa wanne. Duara likasinyaa hadi likawa dogo kama uwanja wa shule, na hapo Mwiba akapigwa. Alianguka, akawa anatambaa kwenye nyasi wazi. Kwa hili pia sheria ilikuwepo, na fundi aliikumbuka vizuri: mwenzako akianguka mahali pa wazi mwache, huyo ni chambo.

Akaivunja. Alirusha bomu lake la mwisho la moshi, akatoka nyuma ya jiwe, akakimbia katikati ya risasi hadi alipolala mwenzake, akamfunga jeraha.

"Sikuachi nje tena," alisema kwa sauti, peke yake dukani. "Safari hii sikuachi."

Maadui wawili waliobaki wakaumwagia moshi risasi bila kuona, na kwa kufanya hivyo wakajitaja. Mwiba akampata mmoja. Fundi akampata mwingine. Kioo kikajaa rangi ya dhahabu na neno moja kubwa: MMESHINDA.

Aliishika simu kwa mikono miwili. Vidole vilivyozoea kupima meno ya ufunguo vikawa vinakosa herufi. Aliandika "Ni mimi", akafuta. Aliandika "Nisamehe", akafuta, akaanza upya, jasho likimdondokea kwenye kioo. Kabla hajamaliza, Mwiba alikuwa ameshamtangulia:

"Mwanangu, nilikujua tangu siku ya kwanza, kwa unavyocheza. Ni mimi, mama yako. Rudi nyumbani. Baba yako amekwisha kwa mawazo, ila hasemi."