Mlango wa Dungu

"Mwanangu, lile shati la marehemu lirudishe," mama mkwe aliniambia asubuhi. "Uko edani. Si vizuri kulivaa bafuni."

Ni kweli nililivaa. Bafu letu ni la makuti, halina paa, na humo ndimo ninamolilia, maana nyumba haiishi wageni. Nilivaa shati la mume wangu, nikanusa kola, nikalivua. Nilikuwa peke yangu.

Niliporudi bafuni niliinua macho. Juu ya makuti lilionekana dungu la shemeji Fikirini, kibanda cha miguu mirefu anamokaa kuamia ndege. Mpunga uko upande wa mto. Mlango wa dungu ulikuwa umegeuzwa huku kwangu.

"Shemeji," niliita, "ndege wamehamia bafuni?"

Akacheka. "Nakulinda wewe, shemeji. Kaka angependa."

Nilikuwa nimechoka, hata kugombana sikuweza. Kombeo la mume wangu bado lilining'inia kwenye mti wa bafu, na madonge yake ya udongo yalikuwa yamekauka ndani ya kopo.

Nikachagua donge moja, nikalitia kwenye kombeo. Fikirini alikuwa bado anacheka nilipoanza kulizungusha.