Misimu Minne ya Bhoke

Sheria ilisema mtu akifa kabla ya kustaafu, miaka yake iliyobaki imalizwe na mwingine. Wankyo, mkurugenzi wa kampuni ya programu za kompyuta mjini Musoma, alipangiwa misimu minne ya mpira iliyombakia marehemu Bhoke, fundi cherehani aliyeichezea timu ya mtaa kila Jumamosi. Alidungwa sindano moja tu, na ujuzi wote wa Bhoke ukahamia mwilini mwake.

Msimu wa kwanza alifunga mabao tisa. Baada ya kila mechi mama yake Bhoke alimletea uji wa ulezi, akamkanda goti ambalo Wankyo hakuwahi kuumia.

"Pole, Bhoke wangu."

"Mimi ni Wankyo, mama."

"Najua, mwanangu. Kunywa uji."

Msimu wa pili aliacha kumsahihisha. Wa tatu, wenzake ofisini walimkuta akishona pindo la pazia, kikao kimemngoja saa nzima.

Jumamosi moja, akiwa anakandwa, simu iliita.

"Wankyo, mwanangu, mbona siku hizi huji nyumbani?"

"Samahani, mama, umekosea namba."

Ikaita tena. Kwenye kioo paliandikwa "Mama". Aliyatazama maandishi yale, akamtazama mama aliyeketi mbele yake, kisha akaizima.